Trilobiti: Maana, Ngeli na Matumizi ya Istilahi Hii katika Lugha na Fasihi

Utangulizi

Vifungu vya ufahamu na ufupisho havitolewi katika fasihi pekee. Mara kwa mara mtahiniwa hukutana na kifungu kinachohusu sayansi, mazingira au historia ya viumbe, na ndani yake mna neno ambalo hajawahi kulisikia darasani. Watahiniwa wengi hufanya mojawapo ya mambo mawili: ama huliruka neno hilo, ama hulikatakata vipande na kukisia maana. Njia zote mbili huwapotezea alama.

Makala haya yanachunguza istilahi moja tu, trilobiti, ili kuonyesha jinsi mwalimu na mtahiniwa wanavyoweza kulishughulikia neno geni la kisayansi: maana yake, ngeli yake, sajili yake na dhima yake katika kazi ya fasihi. Tumeliteua neno hili kwa sababu mizizi yake inaeleweka kwa urahisi sana, na urahisi huo ndio unaopotosha.

Maana ya istilahi

Trilobiti ni wanyama wa baharini waliotoweka duniani zamani mno. Walikuwa katika kundi kubwa la arithropodi, yaani wanyama wenye gamba gumu la nje na miguu yenye viungo. Jamaa zao wa leo ni kaa, kamba, nge, buibui, tandu na wadudu. Visukuku vyao vya kwanza ni vya takriban miaka milioni 521 iliyopita, na wa mwisho wao waliangamia yapata miaka milioni 252 iliyopita, katika maangamizi makuu yaliyofagia sehemu kubwa ya viumbe wa baharini. Kufikia wakati huo walikuwa tayari wamepungua sana. Wataalamu wameeleza zaidi ya spishi 20,000 za trilobiti. Wengi walikuwa wadogo, wa sentimita chache, lakini spishi moja iliyopatikana Kanada, Isotelus rex, ilizidi sentimita 70 kwa urefu.

Ili mwanafunzi aupate ukubwa wa muda huu, mwalimu anaweza kumkumbusha kisukuku anachokifahamu, yaani mifupa ya mvulana wa Turkana iliyogunduliwa na Kamoya Kimeu mwaka 1984 huko Nariokotome. Mifupa hiyo ina umri wa takriban miaka milioni 1.5. Trilobiti wa mwisho alikufa zaidi ya miaka milioni 250 kabla ya mvulana huyo kuzaliwa. Hata dinosaria walitokea baada ya trilobiti wote kwisha. Kwa hivyo, mtahiniwa anayeandika katika insha kwamba dinosaria waliwala trilobiti amewakutanisha viumbe ambao hawakuonana kamwe.

Mtego uliomo katika mizizi ya neno

Jina hili lilibuniwa na mtaalamu Mjerumani, Johann Walch, mwaka 1771. Aliliunda kutokana na maneno ya Kigiriki: tri, yaani tatu, na lobos, neno linalotumiwa kwa ndewe ya sikio au sehemu yoyote iliyotuna kwa mviringo. Kwa hivyo trilobiti ni “mwenye sehemu tatu zilizotuna”. Hadi hapa hakuna ugumu.

Ugumu huanza tunapouliza: sehemu tatu zipi? Mwanafunzi akitazama mchoro wa trilobiti ataona kichwa, kiwiliwili na mkia. Atahesabu tatu, atafurahi, kisha ataandika kwamba trilobiti anaitwa hivyo kwa sababu ana kichwa, kiwiliwili na mkia. Jibu hili limeenea mno, nalo si sahihi. Sehemu tatu zinazotajwa na jina hazikati mwili kwa mapana, bali huenda kwa urefu, kutoka mbele hadi nyuma: ukanda mmoja uliotuna katikati kama uti, na kanda mbili pembeni, kulia na kushoto. Ni kweli kwamba mwili wa trilobiti umegawanyika pia katika kichwa, kiwiliwili na mkia, ila mgawanyo huo sio uliompa jina.

Funzo kwa mtahiniwa ni hili: mizizi ya istilahi hutuelekeza kwenye maana lakini haitufikishi. Mizizi ilisema “tatu”. Haikusema tatu zipi. Jambo hilo hupatikana kwa kukirejelea kitu chenyewe au maelezo ya kifungu. Ikiwa kifungu kimesema “kanda tatu zinazoenda kwa urefu wa mwili”, mtahiniwa hana ruhusa ya kuleta kichwa na mkia kutoka katika kukisia kwake.

Historia ya majina ya mnyama huyu inathibitisha hoja hiyo. Mwaka 1698, Edward Lhwyd, mtunza makumbusho wa Oxford, alieleza kisukuku kilichopatikana Llandeilo, Wales, akakiita mifupa ya samaki bapa. Wachimba mawe wa mji wa Dudley, Uingereza, waliwaita “nzige wa Dudley”. Kila jina lilibeba makisio ya aliyelitoa. Jina la Walch lilidumu kwa sababu halikumfananisha mnyama na samaki wala nzige. Lilieleza umbo linaloonekana kwenye jiwe.

Utohozi na tahajia

Kiswahili kimelipata neno hili kwa njia ya utohozi, yaani kulichukua neno la lugha nyingine na kulipa umbo la Kiswahili. Konsonanti ya mwisho imepewa irabu, ndiyo sababu tunasema trilobiti. Mfuatano wa sauti “tr” mwanzoni si wa asili ya Kibantu, lakini umekubalika katika maneno ya mkopo kama trekta, treni na trilioni.

Wapo wanaoandika trailobaiti kwa kufuata matamshi ya Kiingereza. Umbo la trilobiti linafaa zaidi kwa sababu linahifadhi mizizi yake, tri na lob, na linafanana na jina la kitaalamu la kundi zima, Trilobita. Muhimu zaidi ni kwamba mtahiniwa akichagua umbo moja, alifuate hadi mwisho. Iwapo kifungu kimetumia tahajia fulani, ainakili tahajia hiyo hiyo.

Je, hatungeweza kuunda neno letu wenyewe, kwa mfano “mdudu wa pande tatu”? Maelezo ya namna hiyo yanafaa kumfafanulia mwanafunzi, lakini hayafai kuwa istilahi. Kwanza, trilobiti si mdudu kwa maana ya kisayansi, ijapokuwa katika mazungumzo tunaita mdudu kila kinachotambaa. Pili, “pande tatu” humfanya msomaji afikirie pembetatu. Istilahi nzuri haipaswi kumpeleka msomaji kwenye umbo lisilokuwepo.

Ngeli na upatanisho wa kisarufi

Trilobiti ni mnyama, kwa hivyo nomino hii huingia katika ngeli ya A-WA, kama vile kiboko na kifaru huingia humo bila kujali kiambishi ki-. Umbo lake halibadiliki katika wingi: trilobiti mmoja, trilobiti wengi, trilobiti huyu, trilobiti hawa.

Kosa hutokea pale ambapo mnyama huchanganywa na mabaki yake. Kisukuku ni nomino ya ngeli ya KI-VI, hata kiwe cha mnyama gani. Tazama mifano ifuatayo:

(a) Potovu: Kisukuku cha trilobiti aliokotwa na watafiti.
Sahihi: Kisukuku cha trilobiti kiliokotwa na watafiti.

(b) Potovu: Trilobiti hiki kilijikunja kilipohisi hatari.
Sahihi: Trilobiti huyu alijikunja alipohisi hatari.

(c) Potovu: Trilobiti huishi baharini na hujivua gamba.
Sahihi: Trilobiti waliishi baharini na walijivua gamba.

(d) Sahihi: Visukuku vya trilobiti hupatikana kwa wingi nchini Morocco.

Mfano wa (c) unahitaji maelezo. Kiambishi hu- huonyesha jambo la kawaida ambalo bado linaendelea. Kwa kuwa mnyama huyu ametoweka, mazoea yake yote yanaelezwa kwa wakati uliopita. Katika (d) hu- ni sahihi, kwa sababu kinachopatikana leo ni visukuku. Hapa sarufi na maana zimefungamana: anayekosea kiambishi amemfufua mnyama aliyekwisha.

Vilevile, tutofautishe kufa na kutoweka. Mnyama mmoja hufa; spishi hutoweka, yaani mnyama wake wa mwisho hufa na uzao wake ukakatika.

Tanbihi: Katika maandishi ya biolojia, neno ngeli lenyewe hutumiwa kwa maana ya ngazi ya uainishaji wa viumbe. Mwandishi wa sayansi akisema kwamba Trilobita ni ngeli ya arithropodi, hazungumzii upatanisho wa kisarufi. Muktadha ndio unaoamua.

Sajili

Hebu tulinganishe vifungu viwili vifupi.

Kifungu cha kwanza: “Trilobita ni ngeli ya arithropodi waliotoweka yapata miaka milioni 252 iliyopita. Mwili wao ulikingwa na gamba lililogawanyika katika kanda tatu.”

Kifungu cha pili: “Nililishika lile jiwe, na yule kiumbe akalala kiganjani mwangu kama aliyesinzia tu, bahari yake ilikuwa imekauka, naye hakuambiwa.”

Kifungu cha kwanza ni sajili ya sayansi. Sifa zake ni istilahi maalum, takwimu, maelezo yasiyo na hisia na nafsi ya tatu. Kifungu cha pili ni sajili ya fasihi: kuna nafsi ya kwanza, tashbihi, uhaishaji na hisia. Mada ni moja, sajili ni mbili. Mtahiniwa akiulizwa athibitishe sajili, asitaje tu kwamba pana neno trilobiti. Aonyeshe jinsi lugha inayolizunguka inavyofanya kazi.

Istilahi hii katika uhakiki wa fasihi

Je, istilahi ya kisayansi ina nafasi gani katika fasihi? Tutatoa mifano miwili.

Katika riwaya ya Thomas Hardy, A Pair of Blue Eyes, iliyochapishwa mwaka 1873, mhusika Knight ananing’inia kwenye jabali juu ya bahari, kifo kikimngoja chini. Mbele ya uso wake, ndani ya mwamba, anaona kisukuku cha trilobiti chenye macho yaliyogeuka mawe. Msomaji asiyejua maana ya neno hili ataona ni mapambo ya mandhari tu. Anayeijua ataona mengi: msomi anayejivunia elimu yake anatazamana na kiumbe asiyekuwa na elimu yoyote, na kwa dakika hizo wawili hao wako sawa mbele ya mauti. Isitoshe, anwani ya riwaya inarejelea macho mawili ya samawati ya msichana Elfride, ambaye ndiye anayekuja kumwokoa Knight kwa kamba ya nguo zake. Macho mawili yaliyo hai yanalinganishwa na macho ya jiwe. Hiyo ni taswira inayotumikia taharuki na maudhui kwa pamoja.

Hapa mhakiki anapaswa kujihadhari. Sayansi imebaini kwamba lenzi za macho ya trilobiti ziliundwa kwa kalisiti, madini yaleyale ya mawe ya chokaa, hata mnyama alipokuwa hai. Ni jambo la kuvutia, lakini mtahiniwa asidai kwamba Hardy alilikusudia. Tunachothibitisha katika uhakiki ni kile kilichomo katika matini. Maarifa ya nje hutusaidia kusoma. Hayatupi idhini ya kumsingizia mwandishi.

Mfano wa pili ni hadithi fupi ya Mmarekani Breece D’J Pancake iitwayo Trilobites, iliyotoka katika jarida la The Atlantic mwaka 1977. Mhusika mkuu, Colly, kijana wa shambani huko West Virginia, amefiwa na babake, na mamake anataka kuliuza shamba. Colly hutafuta kisukuku cha trilobiti asikipate. Swali la ufaafu wa anwani linajibika hapa kwa wepesi ikiwa maana imeeleweka: trilobiti ni jazanda ya kilichokuwepo mahali papo hapo, kikaisha, kisha mtu akabaki akikitafuta alama. Shamba, baba na ujana wa Colly vyote vinaelekea huko.

Mtahiniwa anaweza kuitumia jazanda hii katika insha yake mwenyewe, mradi aitumie kwa usahihi. “Desturi hiyo imetoweka kama trilobiti” ni tashbihi sahihi kuhusu jambo lililokoma kabisa likaacha alama. “Babu yangu ni mzee kama trilobiti” haifai, kwa sababu babu yupo, na uzee si kutoweka.

Maswali ya mazoezi

1. Eleza kwa nini si sahihi kusema kwamba jina trilobiti linatokana na kichwa, kiwiliwili na mkia. (alama 2)

2. Sahihisha sentensi hii kwa njia mbili tofauti: Trilobiti hivi huogelea baharini. (alama 2)

3. Tunga sentensi mbili kubainisha maana mbili za neno ngeli. (alama 2)

4. “Istilahi ya kisayansi inaweza kuwa jazanda.” Thibitisha kauli hii kwa kurejelea kazi yoyote ya fasihi uliyosoma. (alama 6)

Hitimisho

Mwalimu hatarajiwi kuwa mwanabiolojia. Hata hivyo, anapokutana na istilahi ngeni pamoja na wanafunzi wake, awazoeze kuuliza maswali manne kwa mpangilio: Kitu hiki ni nini hasa? Nomino hii iko katika ngeli gani? Inatumika katika sajili ipi? Je, mwandishi ameitumia kwa maana yake ya kawaida au kama jazanda? Swali la kwanza ndilo msingi wa mengine yote. Mwanafunzi aliyeshindwa kujua kwamba trilobiti ametoweka atakosea kiambishi cha wakati katika sarufi, na atakosea pia jazanda katika fasihi. Kosa ni moja, lakini alama zitakatwa katika karatasi mbili.