Nyumba ya Bububu na Jirani wa Kijerumani

Katika mtaa wa Kawangware, Nairobi, ambako vyumba vimepakana ukuta kwa ukuta, ugomvi wa majirani si habari. Wala si habari kijana wa upande mmoja akimposa binti wa upande wa pili. Lakini ugomvi wa nyumba uliomtoa binti wa Sultani kwao hata akafika Hamburg, huo ni habari.

Bibi Salme, binti Seyyid Said, alizaliwa Mtoni, Unguja, mwaka 1844. Baba yao alipofariki mwaka 1856, ndugu waligawanyika. Mwaka 1859 Seyyid Barghash alitaka kumpindua kaka yake, Seyyid Majid, na Salme, aliyejifundisha kuandika kwa siri, akawa karani wa waasi. Barghash alipozingirwa nyumbani mwake, Salme na dada yake Khole walimtorosha katikati ya wanawake, amevaa mavazi ya kike! Hila hiyo haikumfaa, alihamishiwa Bombay.

Majid alimsamehe Salme. Baadaye akamwomba nyumba yake ya Bububu, ili akae Balozi wa Kiingereza. Salme aliona haya kumnyima ndugu aliyemsamehe, akakubali. Loo! Khole na Barghash, aliyekwisha kurejea, walimkasirikia mno.

Basi akahamia mjini, na jirani yake akawa Bwana Heinrich Ruete, mfanyabiashara wa Hamburg. Paa la Bwana huyo lilikuwa chini kidogo kuliko la Bibi, naye akitazama dirishani aliziona karamu za Wazungu. Kutazama kukazaa mazungumzo, na mazungumzo mapenzi. Mwislamu wa ukoo wa kifalme na Mkristo mchuuzi: nani angewaozesha? Bibi alipokuwa mja mzito, jambo halikufichika tena. Agosti 1866 alitoroka kwa manowari ya Kiingereza, Highflyer, mpaka Aden. Majid, kinyume cha walivyotazamia wengi, hakumdhuru Ruete. Huyo alimaliza shughuli zake Unguja ndipo akamfuata. Tarehe 30 Mei 1867 Bibi alibatizwa kwa jina la Emily, na siku hiyo hiyo wakaoana.

Raha haikudumu. Mwaka 1870 Ruete aligongwa na tramu ya farasi akafa, akaacha mjane na watoto watatu. Mwaka huo huo Majid naye alifariki, Barghash akatawala. Bibi alipofika Unguja mwaka 1885 na manowari za Kijerumani kudai urithi wake, Barghash alikataa hata kumwona.