Pumzi Inapokatika Usingizini

Mtu alalaye katika kibanda cha Saddle, Mlimani Meru, kiasi cha meta 3,570 juu ya usawa wa bahari, huweza kumsikia mwenzake akihema upesi, akanyamaza sekunde kadhaa, kisha akavuta pumzi kwa nguvu. Huko kanieneo ya hewa ni kama theluthi mbili tu ya ile ya pwani. Mwili ukipungukiwa oksijeni huhema zaidi. Kuhema huko hupunguza kaboni dioksidi katika damu. Na kwa kuwa gesi hiyo ndiyo hasa iuhimizayo ubongo kuamuru pumzi, pumzi husita mpaka gesi irundikane tena. Mpandaji akishuka, hali hiyo hutoweka.

Lakini akoromaye na kukatika pumzi kila usiku mjini Arusha, penye meta 1,400 hivi, ana sababu nyingine. Misuli ya koo hulegea usingizini, njia ya hewa ikazibika. Kwa watoto, mara nyingi mafindofindo makubwa huchangia. Ubongo humgutusha tena na tena, naye hukosa usingizi mzito. Basi mwalimu, mwanafunzi akisinzia kila siku darasani, usikimbilie kumwita mvivu. Uliza kwanza alalavyo, kisha umshauri mzazi ampeleke kwa daktari.