Viti Vilihesabiwa, Kazi Ikasahauliwa

Wakati Tanganyika ilipojipatia Uhuru wake mwaka 1961, nchi nzima ilikuwa na wahandisi 2 tu na madaktari 12. Hesabu hiyo Mwalimu Nyerere aliirudia mara nyingi, hata baada ya kung'atuka, nasi tumeisikia hata tumeizoea. Walakini si hesabu ya kuzoewa. Maana yake ni kwamba nchi yenye mito, reli na bandari ilikuwa karibu haina mwananchi wa kukabidhiwa daraja moja akalisimamia tangu msingi wake hata siku ya kupita gari la kwanza.

Hapo ndipo lilipoanza wazo la kupanga wataalamu wa Taifa kwa hesabu. Mwaka 1962 George Tobias aliandika taarifa juu ya watu wenye ujuzi wa juu ambao nchi ingewahitaji hadi mwaka 1967. Mpango wa kwanza wa Miaka Mitano, ulioanza mwaka 1964, ukaweka shabaha kwamba ifikapo mwaka 1980 nchi ijitosheleze kwa wataalamu wake yenyewe. Njia iliyotumika ni hii. Waajiri waliulizwa watahitaji watu wangapi. Kazi zikagawanywa katika madaraja, la kwanza likiwa la wenye shahada, la pili la waliosoma mwaka mmoja hadi mitatu baada ya sekondari, la tatu la waliomaliza sekondari. Kisha milango ya shule ikafunguliwa kwa kadiri ya viti vilivyokuwa vikingoja maofisini. Kiti kimoja, mwanafunzi mmoja.

Hatuwacheki waliofanya hivyo. Siku zile Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki kilikuwa kimegawanya masomo: uhandisi Nairobi, udaktari Makerere, sheria Dar es Salaam. Kitivo cha uhandisi pale Mlimani hakikufunguliwa mpaka mwaka 1973. Mtu mwenye shilingi moja hana budi kuifikiria sana kabla ya kuitoa mfukoni.

Basi tuje Musoma. Katika mji huu ndiko kijana wa Butiama, Julius Nyerere, alikoanza darasa la kwanza katika shule ya Mwisenge mwaka 1934. Na katika mji huu huu, mwezi wa Novemba 1974, Halmashauri Kuu ya Taifa ya TANU ilikutana na kutoa Azimio la Musoma. Azimio lilikuwa na mambo mawili makubwa. La kwanza, kila mtoto aliyefikia umri apate elimu ya msingi ifikapo Novemba 1977, wala pasingojwe mwaka 1989 uliokuwa umepangwa mwanzoni. La pili, mwanafunzi wa kidato cha sita asiende tena Chuo Kikuu moja kwa moja. Kwanza afanye kazi, na mwajiri wake na tawi la Chama watoe maoni juu ya mwenendo wake.

Jambo la kwanza lilikuwa jema na linastahili heshima yake. Watoto wa wavuvi na wa wakulima wa pamba waliingia darasani kwa wingi ambao haukuwa umeonekana nchini. Jambo la pili lilikuwa na nia njema pia, kwani halikusahaulika bado lile la Oktoba 1966, wanafunzi walipoandamana kupinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa wakarudishwa makwao. Lakini hisabati si kama baiskeli, ambayo mtu huiacha miaka miwili akairudia na kuipanda. Waombaji wa masomo ya sayansi walipungua, na wasichana wengi waliokwisha kuolewa hawakurudi tena. Baada ya muda sharti lililegezwa kwa wanawake na kwa baadhi ya masomo ya sayansi, kisha likaachwa.

Hata hivyo, kosa lililoigharimu nchi zaidi halikuwa hilo. Lilikuwa baina ya jambo la kwanza na la pili. Shule za msingi zilijaa; Chuo Kikuu kiliwekewa masharti; katikati, sekondari ilibaki mlango mwembamba, kwa sababu idadi ya wanafunzi wake ilifuata idadi ya viti. Mwanzoni mwa miaka ya 1980, watoto waliosoma sekondari hawakupita sana 3 katika kila 100 wa umri huo. Wakati huo, ng'ambo ya mpaka wa Sirari, wananchi wa Kenya walikuwa wakijijengea shule za Harambee bila ya kuuliza viti viko vingapi. Wachumi wawili, John Knight na Richard Sabot, waliwapima wafanyakazi wa Nairobi na wa Dar es Salaam, na katika kitabu chao cha mwaka 1990 walionyesha kwamba wale wa Nairobi, kwa kuwa wengi zaidi walipita sekondari, walikuwa na ujuzi mkubwa zaidi na kazi yao ilizaa zaidi. Ni kweli kwamba Kenya nayo ilipata taabu ya vijana wenye vyeti wasio na ajira. Lakini kijana mwenye elimu asiye na kazi aweza kuitafuta au kuianzisha. Aliyezuiwa mlangoni hana hata hilo.

Aliyekosekana zaidi ni fundi sanifu. Wahandisi husema kwamba mhandisi mmoja ahitaji mafundi sanifu watano na mafundi mchundo ishirini na watano. Mhandisi huchora, fundi sanifu ndiye ajuaye kwa nini pampu inatetemeka. Huyo hatoki Chuo Kikuu wala darasa la saba, bali hutoka shule kama ile ya sekondari ya ufundi ya Musoma, na vyuo kama cha Ufundi Arusha, kilichoanza mwaka 1978.

Msafiri akitoka Musoma leo aweza kujionea mwenyewe. Mwaloni ziko injini za mitumbwi na mitambo ya barafu ya samaki. Mugango ndiko maji ya ziwa yanakosukumwa na pampu kupanda hadi Kiabakari na Butiama. Bunda viko vinu vya kuchambua pamba. Na Butiama kwenyewe kumewekwa Chuo Kikuu cha Kilimo na Teknolojia chenye jina la Mwalimu. Twafurahi. Tangu mwaka 2024 pia mkondo wa amali umeingizwa katika sekondari, nao ukipewa walimu na karakana, si jina tu, utaziba pengo lililoachwa mwaka 1974. Tusemapo karakana tunakumbuka agizo kwamba kila sekondari ya kata ijengewe maabara tatu. Wananchi walichanga na kuta zikasimama. Mwalimu wa fizikia hachangwi kama matofali.

Kwa hiyo watakaopanga hesabu za chuo cha Butiama wasianzie maofisini, kuuliza viko viti vingapi. Waanzie Mugango, waulize pampu husimama siku ngapi kwa mwaka, na fundi wa kuitengeneza hutoka wapi. Kisha wapite Bunda. Kinu cha pamba hufanya kazi miezi michache ya msimu. Pamba ikiisha, kinu hunyamaza, na fundi wa msimu aliyekwisha kuijua kila mashine kwa mlio wake huagwa mpaka mwaka ujao. Huyo naye ataandikwa katika orodha ya wataalamu wa Taifa. Tungependa kuona, karibu na idadi yake, safu inayoeleza atakula nini mwezi wa Februari.