KICHWA KINAPOUMA NA MACHO YAKAINGIA KIZA

Mtu akianza kutoona vema, mara nyingi hununua miwani au hutafuta dawa ya kutia machoni. Lakini yako maradhi ambayo jicho lenyewe ni zima, na ubaya uko ndani ya fuvu la kichwa. Yafaa kila msomaji azijue dalili zake, kwani achelewaye aweza kupofuka kabisa.

Fuvu la mtu mzima ni kama mtungi wa mfupa usiotanuka. Ndani yake mna vitu vitatu: ubongo, damu, na maji safi yanayouzunguka ubongo. Maji hayo ni kiasi cha mililita 150, na kila siku mwili hufanya mengine yapatayo mililita 500, huku ya zamani yakirudi katika damu. Basi kukiwa na uvimbe kichwani, au damu ikivuja, au maji yakizuiliwa njiani, kilichozidi hakina pa kwenda, na msukumo huongezeka.

Je, jambo hili lahusianaje na macho? Kila jicho limeungwa na ubongo kwa mshipa wa fahamu, na mshipa huo umevikwa utando ule ule uuvikao ubongo, kama kisu katika ala. Maji ya ubongo hufika mpaka nyuma ya jicho. Msukumo ukizidi kichwani, huko nako huzidi. Mshipa hubanwa, na ncha yake iliyo ndani ya jicho huvimba.

Dalili zake ni hizi. Kichwa huuma, hasa alfajiri, au mtu akilala au kukohoa. Aweza kutapika. Akiinama au kusimama, macho huingia kiza kwa sekunde chache, kisha huona tena. Wengine huona kitu kimoja kuwa viwili. Kuona kwa pembeni ndiko kunakopotea kwanza. Kwa hiyo mgonjwa aweza kusoma barua vizuri, akajidhania mzima, kumbe anajigonga milangoni. Kwa mtoto mchanga, ambaye mifupa ya fuvu haijashikana, kichwa hukua kupita kiasi, na macho huwa kama yanatazama chini daima.

Mwaka 1851 Hermann von Helmholtz, mtaalamu wa Ujerumani, aliwatangazia watu chombo cha kutazamia ndani ya jicho. Kwa chombo cha namna hiyo daktari huuona uvimbe wa mshipa. Hapo kichwa hupigwa picha, na ikionekana hakuna hatari, maji kidogo hutolewa mgongoni kwa sindano ili msukumo upimwe. Kwa mtu mzima aliyelala ubavu, maji yakipanda katika kibomba kupita sentimeta 25, msukumo umezidi.

Wako waiogopao sindano hiyo, wakidhani italemaza miguu. Lakini hupitishwa chini ya kiuno, mahali ambapo uzi mkuu wa fahamu umekwisha koma juu yake. Tena kwa wagonjwa wa UKIMWI walioshikwa na homa ya uti wa mgongo iletwayo na kuvu, kutoa maji hayo mara kwa mara huokoa macho na uhai pia.

Dawa hufuata chanzo. Uvimbe hupasuliwa, maji yaliyozuiliwa hufanyiwa njia nyingine. Wako pia wanawake vijana wenye mwili mzito ambao msukumo huwazidi pasipo uvimbe wowote wa ubongo. Hao husaidiwa kwa kupunguza uzito na kwa vidonge vipunguzavyo maji hayo.

Basi mtu aumwaye kichwa, naye macho yake huingia kiza mara kwa mara, asingoje. Aende hospitali upesi, aombe atazamwe nyuma ya jicho. Mshipa uliovimba waweza kupona. Uliokwisha kufa haufufuki.