Mama Koloneli na Watoto Walioitwa Wachawi

Sinema nyingi ni hadithi za kutungwa. Dieudo Hamadi, mwenyeji wa Kisangani aliyezaliwa mwaka 1984, hatungi. Kwanza alisomea uganga, kisha akashika kamera, akawafuata watu walio hai katika kazi zao. Mwaka 2017 alitoa sinema iitwayo Maman Colonelle.

Ndani yake tunamwona Honorine Munyole, mjane na ofisa wa polisi, aliyehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani kuwalinda wanawake na watoto. Huko alikuta mizigo miwili. Wa kwanza ni wanawake walioumizwa katika Vita vya Siku Sita, Juni 2000, majeshi ya Rwanda na ya Uganda yalipopigana ndani ya mji. Vidonda vya mwili vilipona, vya moyo havikupona. Wa pili ni watoto walioteswa kwa kuitwa wachawi. Mama huyu akawakutanisha, wanawake wasio na furaha na watoto wasio na kwao, wakae nyumba moja. Kwangu mimi hilo lapita mambo yote ya sinema hiyo.

Sasa tazameni vema, ni mtoto gani huitwa mchawi? Mara nyingi si yule ambaye mama yake yupo. Ni yatima, ni mtoto wa kambo, ni yule aliyeletwa kwa shangazi baada ya kilio. Hukojoa kitandani, hupiga kelele usiku, mchana hanyamazi au hasemi kabisa. Hayo ni matunda ya huzuni na hofu. Tena baba amepoteza kazi, mtoto mchanga amekufa, na nyumba inatafuta wa kulaumiwa. Asiye na mtetezi ndiye huonekana.

Sheria ya Kongo ya tarehe 10 Januari 2009 inasema anayemshtaki mtoto uchawi aweza kufungwa mwaka 1 hata 3. Mchungaji au nabii hakuachwa nje.

Mwingine ana kifafa tu. Kifafa ni ugonjwa wa ubongo, wala hakiambukizi kwa mate. Mtoto akianguka, ondoeni moto na mawe karibu naye, mlazeni ubavuni, msitie kijiko wala kitu chochote kinywani. Zikipita dakika 5 bila kutulia, mchukueni hospitali upesi. Viko vidonge, kama fenobarbitali, vya kunywa kila siku. Asiviache kwa kuwa anajisikia mzima, wala asinyimwe kwa sababu watu wanafunga na kumwombea. Maombi na vidonge havigombani.

Na mtu mzima asiyelala, au anayesikia sauti wengine wasizozisikia, asifungwe kamba. Kwa hao kuna kituo cha Joseph Guislain kule Lubumbashi.

Anayemleta mtoto aje pamoja na mtu aliyemwona akianguka, na asifiche misiba ya nyumbani, maana mwuguzi atauliza habari hizo kwanza.