Dola la moto lililowaua walimu wake

Wewe uliyekesha wikendi nzima ukitazama Avatar: The Last Airbender, sema ukweli: ulimpenda nani zaidi? Wengi hujibu Aang, wengine Toph. Halafu wananyamaza kidogo, halafu wanasema Zuko. Na Zuko ni mtoto wa adui! Basi leo tuwaache mashujaa, tumwangalie huyo adui, yaani Taifa la Moto, maana ndilo lililotengenezwa kwa ustadi kuliko chochote kwenye hadithi hiyo, na wengi wetu tulilipita mbio tukikimbilia vita.

Kama hukuiona, si neno. Ni katuni iliyoonyeshwa na Nickelodeon kule Marekani kuanzia 2005 hadi 2008, misimu mitatu, vipindi 61. Mwaka wa 2024 Netflix ikaleta toleo la waigizaji wa kweli, na ubishi ukaanza upya mtaani kuhusu lipi kali. Mimi niko upande wa katuni na sibishani.

Katika ulimwengu huo kuna watu wa maji, wa ardhi, wa hewa na wa moto, na baadhi yao huzaliwa na uwezo wa kukiamrisha kitu cha kwao. Taifa la Moto ni visiwa vyenye volkano, viwanda na meli za chuma. Nguvu zao hutoka kwa jua, ndiyo maana jua linapopatwa kwa dakika nane tu, majemadari wao wote hubaki watu wa kawaida kama mimi na wewe. Wana mahekalu na makuhani wa moto. Hata pambano lao la kulinda heshima huitwa Agni Kai, na Agni ni jina la mungu wa moto katika dini ya Kihindu.

Sasa ona dola lenyewe lilivyozaliwa. Mtawala Sozin aliona nchi yake imetajirika, akasema ni vyema utajiri huo ugawiwe dunia nzima. Maneno matamu, sivyo? Kisha akaingoja nyota yenye mkia, ile inayopita mara moja kila miaka 100 na kuwazidishia watu wake nguvu. Ilipofika, aliwaangamiza watu wa hewa, watawa wasiokuwa na jeshi. Aang peke yake ndiye aliyepona, kwa kuwa alikuwa ameganda ndani ya barafu. Vita vilivyofuata vilidumu karne nzima.

Lakini kipindi kinachonikera hadi leo hakina vita. Kinaitwa The Headband, cha pili katika msimu wa tatu. Aang anaiba nguo bila kujua ni sare za shule, anajikuta darasani katika nchi ya adui. Watoto wanasimama na kula kiapo cha utiifu kwa Mtawala. Kisha linakuja swali la historia: Sozin alilishinda lini jeshi la watu wa hewa? Aang, ambaye ni mmoja wao, anasema hawakuwa na jeshi, walivamiwa. Mwalimu anamuuliza kwa kebehi iwapo anakijua kisa hicho kuliko kitabu cha taifa, maana labda alikuwepo miaka 100 iliyopita. Mtoto wa watu alikuwepo! Atasema nini sasa?

Nilikitazama kipindi hicho na binamu yangu wa miaka tisa. Akaniuliza, "Kwani huyo mwalimu anajua anadanganya?" Nilikwama. Sidhani kama anajua. Naye alikaa kwenye dawati lile lile, akakariri kitabu kile kile, akapata alama nzuri. Wewe na mimi pia tumekariri mengi usiku wa kuamkia mtihani bila kuuliza nani aliandika.

Na wasidhani raia wa dola hilo wanakula raha. Kipindi kinachofuata kinatupeleka kwenye kijiji cha wavuvi, Jang Hui, ambako kiwanda cha chuma cha jeshi kimeuchafua mto hadi watu wanaugua na samaki hawaliki. Ni watu wa Taifa la Moto hao hao. Dola linawateketeza wa kwake pia, polepole tu.

Zuko mwenyewe ndiye ushahidi. Akiwa na miaka 13 alipinga mpango wa jenerali mmoja wa kuwatoa askari wapya kama chambo. Akaamriwa apigane Agni Kai, akidhani ni dhidi ya jenerali. Kugeuka, anamkuta baba yake, Ozai. Akapiga magoti, akaomba msamaha. Baba akamchoma uso na kumfukuza nchini. Lile kovu unalolijua, sasa unajua limetoka wapi.

Miaka mitatu baadaye Zuko anahama, anajiunga na Aang ili amfundishe, halafu anagundua moto wake umepungua. Kumbe alikuwa akiuchochea kwa hasira, na hasira imeisha. Ndipo wawili hao wanakwenda kwenye magofu ya Mashujaa wa Jua, watu wa kale waliojifunza moto kutoka kwa majoka. Na majoka yako wapi? Sozin ndiye aliyeanzisha mtindo wa kuyawinda ili mtu ajipatie sifa. Yaani taifa zima linautukuza moto, na limewaua wale waliolifundisha.

Wanawakuta Mashujaa wa Jua wangali hai, kwa siri. Kila kijana anapewa kipande cha moto usiozimika tangu enzi hizo, akibebe mkononi hadi juu ya mlima. Ukiupunguza sana, unazimika. Ukiukuza sana, unakushinda. Aang anaogopa moto tangu alipomchoma Katara kwa bahati mbaya, na Zuko hajawahi kuushika bila kutaka kumuumiza mtu. Wanapanda ngazi taratibu, kila mmoja ameinama juu ya kiganja chake, na huko juu majoka mawili ya mwisho yanawangoja.

Ni kipindi cha 13 cha msimu wa tatu. Ukifika hapo, weka simu chini.