Ukombozi wa Mwanamke na Mjadala wa Sheria ya Ndoa Tanzania

Nchini Tanzania, mjadala mkali zaidi kuhusu malengo ya ukombozi wa mwanamke, yaani harakati za kumwondolea unyonge unaotokana na sheria, mila na uchumi, haukuhusu uongozi wala siasa, kwani Bibi Titi Mohamed alikwishawaongoza wanawake wa chama cha siasa cha TANU tangu mwaka 1955, bali ulihusu haki zake ndani ya ndoa. Mwaka 1969 serikali ilipotoa waraka wa kupendekeza sheria moja ya ndoa badala ya taratibu mbalimbali za kimila, kidini na kiserikali, wapo waliohoji mamlaka ya dola katika mambo ya imani na ukoo, na wapo walioona kwamba usawa unaoishia barazani ni nusu ya usawa.

Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 ilisimama katikati ya pande hizo. Ilitamka kwamba ndoa ni muungano wa hiari na kumnyima kila mwenzi haki ya kumwadhibu mwenzake kwa kipigo, lakini ikaacha ndoa za wake wengi ziendelee na kuruhusu msichana aolewe akiwa na miaka 15, ilhali mvulana alitakiwa kufikisha 18.

Suala zito zaidi likawa mali iliyochumwa na wanandoa, ambayo kifungu cha 114 kinaagiza igawanywe baada ya talaka kwa kuzingatia mchango wa kila mmoja wa fedha, mali au kazi. Je, kupika, kufua na kulea watoto ni mchango? Majaji walitofautiana hadi mwaka 1983, Mahakama ya Rufani chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali ilipoamua kwamba ni mchango, ingawa mwanamke aliyekata rufani hakuambulia kitu, kwa kuwa ilionekana amekwishakula fungu lake katika fedha alizokabidhiwa na mumewe kwa ajili ya mradi wa familia.

Kuhusu umri, Mahakama Kuu ilibatilisha vifungu vya ndoa za utotoni mwaka 2016 katika shauri lililofunguliwa na mwanaharakati Rebeca Gyumi, na Mahakama ya Rufani ikaafiki mwaka 2019. Hukumu hizo zinaonyesha kwamba lengo la harakati si kuvunja ndoa, kama wapinzani wanavyodai, bali ni kuifanya iwe mkataba wa watu wazima wawili wenye haki sawa.